Umati wa Bwana Kitoko si ushahidi wa furaha

Kisangani, kutoka sokoni hadi barazani kwa wazee, neno hili halikomi: wakati wa Wabeleji watu waliishi vizuri. Anayebisha huonyeshwa simu. Humo mna filamu ya rangi ya zamani: Mfalme Baudouin wa Ubelgiji, kijana wa miaka 24, amevaa sare nyeupe na Wakongo wanamshangilia. Picha haidanganyi, huambiwa.

Picha hiyo inadanganya, tena tangu jina. Filamu hiyo ya André Cauvin, ya 1955, kuhusu ziara ya mfalme Kongo, inaitwa Bwana Kitoko. Wakongo walimwita mfalme Mwana Kitoko, yaani kijana mtanashati. Wakubwa wa koloni wakaona "mwana" halina heshima, wakaweka "bwana". Ikiwa hata kelele za umati zilisahihishwa, vicheko vyake vitaaminiwaje?

Na waliorekodiwa hawakuwa na mahali pa kubisha. Tangu 1945, Mwafrika alikatazwa kuingia sinema za Wazungu. Alionyeshwa filamu zilizochaguliwa kwa ajili yake.

Kamera ilifuata njia ya mfalme. Haikwenda vijijini kukaa na mkulima wa Yahuma wala wa Opala, kwenye shamba la mazao ya lazima. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, kazi hiyo ya lazima iliongezwa kutoka siku 60 hadi 120 kwa mwaka, na watu wakarudishwa msituni kugema mpira. Mfalme alipopita, kiboko kilikuwa bado ni adhabu halali. Kilifutwa 1959 tu.

Anayedai kwamba uso unatosha, amtazame mtu mmoja. Mwaka huo wa 1955, Stanleyville, yaani Kisangani ya leo, karani wa posta aliyevaa nadhifu alipata nafasi ya kuzungumza na mfalme kwa dakika chache. Alikuwa Patrice Lumumba. Oktoba 1959, katika mji huohuo, mkutano wa chama chake ulifuatwa na ghasia na vifo, naye akatiwa ndani. Tarehe 30 Juni 1960 alisimama mbele ya Baudouin yuleyule, akahesabu hadharani matusi na vipigo vya miaka 80.

Yeye alipata kipaza sauti. Waliorekodiwa wakimshangilia mfalme hawakupata, na kila televisheni inayowarusha kama mapambo ya "enzi nzuri" inawanyamazisha mara ya pili.

Mtengenezaji wa filamu anayetumia picha hizo ana deni. Aseme nani alipiga, kwa fedha ya nani, na nani aliwapanga watu barabarani. Kisha azilete Kisangani na kuziwasha mbele ya wazee. Mtoto aliyekuwa na miaka 10 mwaka 1955 sasa amevuka 80. Bado anaweza kunyoosha kidole na kusema: huyu ni kaka yangu, na asubuhi ile tuliletwa kwa lori.