Sifa Zote kwa Mpishi

Nilipoitazama hapa Nyanchwa ile sinema ya Kijerumani, "Nirgendwo in Afrika" (2001), iliyopigwa Kenya, kila mtu alimsifu marehemu Sidede Onyulo, aliyekuwa Owuor mpishi. Ni haki yake. Bibi Caroline Link aliyeiongoza alipata sifa zake pia, na mwaka 2003 ikatwaa Oscar. Lakini nani aliuliza habari za Niki Reiser, Mswisi aliyeitungia muziki?

Hebu izime sauti, ndugu msomaji. Utaona vumbi na ng'ombe. Upweke wa wale Wayahudi waliomkimbia Hitler unausikia, huuoni.

Basi hata mpiga obokano wetu, na nyuzi zake nane, hutumbuiza arusini usiku kucha. Asubuhi tunasimulia nyama.