Nduthi Haijanywa Chang'aa

Kabla mnivamie kwa komenti: sitetei chang'aa. Nimeona vijana wa rika langu wakimalizwa na hiyo kitu, na anayewauzia simtakii mema. Ninachouliza ni kimoja tu. Nduthi iliyobeba lile dumu imekosa nini hadi ikae miezi nyuma ya kituo, juani, matairi yakipasuka na vioo vikipotea kimoja kimoja?

Maana ndivyo inavyokuwa. Kijana anashikwa na dumu la lita 20, anaandikiwa kesi, kesho anatoka kwa dhamana. Binadamu ametoka! Pikipiki haitoki, eti ni kielelezo. Kesi inaahirishwa, shahidi hakuja. Inaahirishwa tena, faili haionekani. Na mshtakiwa anakuja kortini kwa miguu.

Sasa nduthi ni ya nani? Mara nyingi si ya anayeiendesha. Ni ya mama aliyeuza mbuzi akanunua, akampa kijana amletee hesabu kila jioni. Ama ni ya mkopo, na mwenye mkopo hataki hadithi za polisi, anataka hela yake ya wiki. Hapa Idsowe mgonjwa akizidiwa usiku, wa kwanza kupigiwa simu ni mtu wa boda. Ukifungia nduthi moja umefungia watu wengi ambao hata harufu ya pombe hawaijui.

Na sheria haijalazimisha hivyo. Kifungu cha 121 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai kinasema kitu kilichonaswa na kuletwa kortini *kinaweza* kushikiliwa hadi kesi iishe, na kitunzwe vizuri. Kinaweza, si lazima. Na kutunzwa, wanangu! Pitia nyuma ya kituo chochote uone hayo matunzo. Kifungu cha 389A nacho kinataka mwenye mali, kama anajulikana, apewe notisi ajitetee kabla mali haijataifishwa.

Kwa hivyo piga picha pande zote, andika nambari ya chesisi, mwenyewe aweke bondi kwamba hataiuza na ataileta akiitwa, aende nayo. Sheria ya Ushahidi, kifungu cha 78, inazitambua picha. Gujarat kule India pombe ni marufuku tangu 1960, lakini Mahakama ya Juu ya India, kwenye kesi ya Sunderbhai Desai iliyotoka huko huko Gujarat mwaka 2002, ilisema hakuna faida kuacha magari yakae vituoni muda mrefu. Sisi hata marufuku kamili hatuna. Sheria ya 2010, ile ya Mututho, ndiyo iliyofuta sheria ya kupiga marufuku chang'aa ikaleta leseni.

Najua jibu lenu: akirudishiwa, ataibebea tena pombe kesho. Sawa, wapo wenye nduthi wanaojua kila kitu. Hao washtakiwe na wao. Na ikishikwa mara ya pili, bondi iende. Lakini usimpige mama wa mbuzi ili umtishe mlanguzi. Mlanguzi mkubwa hapandi nduthi, anatuma.

Halafu hicho kituo tunachoambiwa ndicho salama. Februari 2024 kule Kirinyaga watu zaidi ya 10 walikufa kwa pombe ambayo, kwa mujibu wa ripoti, ilikuwa imeshanaswa na kuwekwa kituoni kama kielelezo, kisha ikarudi sokoni. Yaani pombe inajua njia ya kutoka kituoni, nduthi ndiyo haijui.

Kama yako imeshikwa, usingoje kesi iishe. Peleka ombi kwa hakimu mapema. Na kama logbuku bado iko kwa jina la aliyekuuzia, hamisha wiki hii, maana swali la kwanza kortini litakuwa: wewe ni nani kwa hii pikipiki?