Daftari Lisizame na Mwenyewe

Alhamisi ya Septemba 20, 2018, kivuko cha MV Nyerere kilipinduka kikikaribia gati la Bwisya, kisiwani Ukara. Uwezo wake ulikuwa abiria 101. Waliofariki peke yao walifika 228. Siku zile za uokoaji swali lilikuwa moja, kuanzia Ukerewe hadi hapa Mwanza mjini: ndani walikuwamo watu wangapi? Hapakuwa na wa kujibu. Mkata tiketi alikuwa amefariki, na mashine iliyotunza hesabu ya tiketi ilikuwa imepotea.

Tunalitaja jambo hili kwa heshima ya waliofiwa, na kwa kuwa kila mwenye biashara kando ya ziwa hili analielewa bila kufafanuliwa. Hesabu iliandikwa. Ila ilikuwa imepanda chombo kilekile ilichokuwa ikikihesabia watu.

Toleo hili tumelitenga kwa ajili ya kitu ambacho wauzaji wa teknolojia wanakiita wingu. Kwenye semina za wafanyabiashara swali huulizwa hivi: tuhamie kwenye wingu, au tusihamie? Nadhani linaulizwa vibaya, ndiyo maana majibu yake huishia kwenye chai na vitafunwa. Biashara haihami nzima nzima. Kinachohama ni daftari moja moja, na kila daftari lina maswali yake. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Sisi wa leo tuna madaftari tele. Tunachokosa ni kujua yanalala wapi.

Tuanze na maana. Wingu ni kompyuta za mtu mwingine, ndani ya jengo la mtu mwingine, nawe unazikodi kupitia intaneti. Mfanyabiashara wa Makoroboi anaijua biashara hii kuliko anavyodhani, kwa sababu amepanga fremu. Aliyepanga hahangaiki na bati linalovuja, lakini kodi haina likizo, na siku ya kuhama ni vizuri awe anajua kama mashelfu ni yake au ni ya mwenye nyumba. Amazon walianza kupangisha kompyuta zao kwa mtindo huu mwaka 2006. Majengo makubwa ya kampuni za namna hii bado yako mbali nasi: Microsoft walifungua Afrika Kusini mwaka 2019, Amazon wakafuata Cape Town mwaka 2020, na Google Johannesburg mwaka 2024. Kwa hapa nchini kuna kituo cha data cha taifa pale Kijitonyama, Dar es Salaam, pamoja na vya kampuni binafsi.

Na wengi wetu tumeshapanga bila kusaini mkataba. Mashine ya EFD iliyoko kaunta inapeleka taarifa za risiti TRA. Duka lako likiungua usiku huu, Mamlaka ya Mapato itabaki na hesabu ya mauzo yako, na wewe hutakuwa nayo.

Swali la kwanza kwa kila daftari, basi, ni hili: likizama hapa, lingine liko wapi? Nalisema nikiwa na kovu. Ofisi ya jarida hili iliwahi kuvunjwa usiku. Kompyuta ya mhariri iliondoka, na diski ya nje tuliyokuwa tukihifadhia nakala iliondoka nayo, maana ilikuwa kwenye droo ya meza hiyohiyo. Tulikuwa na nakala mbili na tukabaki na sifuri. Picha za miaka minne za mialo ya Ilemela na Magu hatujazipata hadi leo.

Asitokee wa kutuambia kwamba tungekodi wingu tungelala usingizi. Machi 10, 2021, jengo la ghorofa tano la kampuni ya OVHcloud huko Strasbourg, Ufaransa, liliteketea kwa moto. Baadhi ya wateja walipoteza kila kitu. Mmoja wao alikuwa amelipia hadi huduma ya nakala za akiba, na nakala hizo zikawa zimewekwa katika jengo lililoungua. Mwaka 2023 mahakama ya Ufaransa iliamuru alipwe fidia. Droo yetu na ghorofa za Strasbourg zilikosea jambo moja. Kwa hiyo anayekuuzia wingu muulize nakala yako iko jengo gani na ya pili iko jengo gani. Akianza kuzungukazunguka, funga daftari uondoke.

Swali la pili: kazi hii itaendeleaje intaneti ikikatika? Mei 12, 2024 nyaya za intaneti za EASSy na SEACOM zilikatika chini ya Bahari ya Hindi. Mwanza haina bahari, lakini siku ile ilitambua kwamba uzi wake wa mawasiliano unapita huko. Mwishoni mwa Oktoba 2025, wakati wa uchaguzi mkuu, intaneti ilizimwa nchi nzima kwa siku kadhaa. Mwenye duka ambaye bei zake, stoo yake na madeni yake vyote viko kwenye programu isiyofunguka bila mtandao alikaa mbele ya shehena yake kama mgeni.

Chukua kiwanda cha minofu ya sangara. Kipimajoto cha chumba cha baridi na king'ora chake havipaswi kusubiri ruhusa kutoka Cape Town. Minofu haijui kama mtandao umekatika. Hivyo vibaki hapahapa kiwandani, na jenereta iwe na mafuta. Lakini kumbukumbu za samaki huyu kashushwa mwalo gani, tarehe gani, kwa barafu ya nani, ni jambo jingine. Mwaka 1999 Ulaya ilifungia samaki wa ziwa hili kwa hofu ya sumu, na wakongwe wa Igogo wanakumbuka mashine zilivyonyamaza. Kilichokuja kutakiwa na wanunuzi baada ya hapo ni ushahidi wa maandishi. Ushahidi wa namna hiyo ukikaa kwenye kompyuta moja ya ofisi ya ubora, kiwanda kizima kinaelea juu ya mtumbwi wenye tundu. Kiwanda ni kimoja, madaftari ni mawili, na majibu yake hayafanani.

Swali la tatu: humo ndani mmeandikwa nani? Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 ilianza kutumika Mei 1, 2023, na Tume yake ilizinduliwa Aprili 3, 2024. Anayekusanya taarifa za watu anatakiwa kujisajili, na kuzipeleka nje ya nchi kuna masharti yake. Zahanati, shule binafsi, saccos na mkopeshaji wa mtaani wote wanaguswa. Orodha ya bei za saruji unaweza kuipeleka popote. Orodha ya wagonjwa wa kisukari, au ya wanachama walioshindwa kurejesha mkopo, haiendi popote kabla hujamuuliza anayeijua sheria.

Swali la nne ni la mfukoni. Huduma nyingi za wingu hudaiwa kwa dola. Mwanzoni mwa 2023 dola ilikuwa kama shilingi 2,300. Katikati ya 2024 ilishapita 2,600. Ankara ya dola 40 kwa mwezi ilitoka shilingi 92,000 hadi zaidi ya 104,000, na mteja hakuongezewa hata punje. Aliyepanga bei zake kwa shilingi na gharama zake kwa dola alijikuta akivua kwa nyavu za watu wawili.

Hata hivyo, kukodi kuna raha ambayo watu wa dagaa wataielewa haraka kuliko wahasibu wa Dar es Salaam. Dagaa huvuliwa gizani kwa taa. Mbalamwezi ikitoka, boti hupumzika. Mfanyabiashara mwenye makarani kumi siku za giza hubaki na wawili mwezi ukiwa mpevu. Akinunua mashine na leseni za watu kumi, nusu ya pesa yake inaota jua kama boti ufukweni. Huduma za wingu zenye malipo ya matumizi humruhusu alipie watu kumi wakati wa giza na wawili wakati wa mbalamwezi. Ila si zote zina ruhusa hiyo. Nyingine hukufunga mwaka mzima. Soma mkataba, hasa ukurasa wa kuondoka: siku ukihama, utapewa madaftari yako yote, kwa muundo ambao programu nyingine inaweza kuusoma?

Kurasa zinazofuata zinayachukua maswali haya manne na kuyapeleka kwenye kiwanda cha samaki, kwenye duka la vipuri, kwenye zahanati na kwenye kampuni ya mabasi. Hatukumwomba mwandishi yeyote aseme wingu ni zuri au baya. Tulimwomba aorodheshe madaftari, kisha aseme lipi liende, lipi libaki, na lipi liwe na nakala pande zote mbili.

Wakati tunafunga toleo hili nilikwenda Mwaloni Kirumba kununua dagaa. Nilimkuta mama mmoja ninayemzoea ameketi juu ya gunia, amefungua kaunta buku lake lenye jalada jeusi, anapiga picha ukurasa wa madeni wa siku ile.

"Mwadila mayu. Unampelekea nani?"

"Binti yangu, yuko Kahama. Kila jioni namrushia. Mwaka juzi mvua iliniozeshea daftari zima, watu wakanikana madeni mchana kweupe."

Nikamwambia kwamba hapo ameshaingia kwenye wingu, na kwamba simu yake na ya bintiye ziwekewe nywila, maana humo mna majina ya watu na madeni yao. Akaitikia, akaweka simu kwenye kibindo cha khanga, kisha akanitazama.

"Na huyo mwenye wingu, kaka, yeye daftari lake analirushia nani?"

Nilimlipa dagaa zangu. Swali lake nimelihamishia ukurasa wa kwanza wa orodha yetu ya maswali ya kumuuliza muuzaji, nawe ukianza na hilo utakuwa umeanza vizuri.

Mhariri
Mwanza