Nani alimtupa mtoto kisimani?

Katika kikao kimoja cha wazee na walimu, mzee mmoja ninayemheshimu aliniuliza: "Mwalimu, wewe uliyesoma ISP, kwa nini unaachia vijana waangalie ile filamu ya balozi ya Wajaponi? Hata luga yake hamusikie." Wengine wakaitikia. Siku ile nilinyamaza, kwani mbele ya mzee mtu hajibu haraka. Leo ninajibu kwa maandishi, kwa sababu jambo hili linagusa watoto wetu.

Filamu yenyewe inaitwa Ringu. Ilitoka Japani mwaka 1998, aliyeiongoza ni Hideo Nakata, na hadithi ilitoka katika kitabu cha Koji Suzuki cha mwaka 1991. Kuna kaseti ya video: anayeiangalia anapigiwa simu, na kisha siku saba anakufa. Mama mmoja mwandishi wa habari, Reiko, anaiangalia, na mtoto wake naye anaiangalia. Basi anatafuta chanzo cha balaa, na anakikuta ndani ya kisima: mifupa ya msichana anayeitwa Sadako.

Kwanza, juu ya luga. Wanasema asiyesikia Kijaponi anaangalia bure. Mimi ninasema kinyume. Tunasoma maandishi ya Kifaransa yaliyo chini ya picha, lakini masikio yanabaki na sauti ya mwenye hadithi. Anayelia, analia kwa sauti yake, hakuna mtu aliyewekwa kulia kwa niaba yake. Tena, kwa filamu nyingine mwenye kuogopa anafunika macho na kufuata kwa masikio. Hapa hawezi, kwani akifunika macho anapoteza maneno. Na mwishoni, wakati Sadako anatoka katika televisheni, hasemi hata neno moja, na chini ya picha hakuna maandishi. Msomaji hana tena pa kushika. Ndiyo maana inavuta watu. Wamarekani waliitengeneza upya kwa Kiingereza mwaka 2002, lakini wako wengi wanaorudi kwa ile ya Kijaponi.

Pili, je, ni filamu ya balozi? Tuangalie vizuri. Nywele ndefu zinazofunika uso na nguo nyeupe ni alama za mzimu katika michezo ya kale ya Wajaponi. Tangu karne ya 18 wanaonyesha hadithi ya Okiku, mtumishi wa nyumbani aliyesingiziwa kupoteza sahani ya bwana wake, akauawa na kutupwa kisimani, na mzimu wake ukawa unatoka usiku kuhesabu sahani. Kwa hiyo Nakata hakuokota mambo yake njiani, alichota katika kisima cha babu zake.

Nakubali kwamba Sadako anapewa nguvu za kuua. Lakini nani alimshtaki wa kwanza? Mama yake mzazi. Huyo mama, Shizuko, anaonyesha watu kipaji chake cha kuona yaliyofichwa, waandishi wa habari wanamtukana kwamba ni mwongo, mmoja wao anaanguka na kufa, na mama anamgeukia mtoto: ni wewe umefanya! Baadaye mama anajitupa katika volkano, na yule mwanamume aliyepaswa kuwa baba kwa mtoto ndiye anamsukuma kisimani. Mkono mmoja haulei mwana, wazee walisema. Mkono mmoja ulitosha kumtupa.

Sasa niseme lililo moyoni. Katika kartie yetu kuna chumba cha video ambamo kijana mwenye mikro anatafsiri kwa Kiswahili, juu ya sauti za filamu. Nilikuwamo siku ya Ringu. Pale Sadako anapotoka, yule kijana akapaaza: "Muone mutoto mulozi!" Watu wakacheka. Wiki ileile darasani kwangu, msichana mmoja mnyamavu, yatima anayekaa kwa mama yake mdogo, akaitwa Sadako. Nilisikia, nikafikiri ni mchezo wa watoto. Kisha jina likageuka, akaitwa mulozi. Mwezi uliofuata kiti chake kilikuwa wazi. Walikuwa wamempeleka katika chumba cha maombi afungishwe njaa mpaka aungame. Nilipofika mlangoni niliambiwa jambo hili ni la kiroho, si la walimu.

Wengine watasema: unaona, filamu ndiyo mbaya! Hapana. Neno mulozi halikuwa katika yale maandishi ya chini. Tulilitia sisi, kwa mikro. Filamu inauliza nani alimtupa mtoto, sisi tukajibu kwamba mtoto ndiye mwenye kosa. Mfasiri yule alirudia maneno ya Shizuko, nasi tukaitikia.

Wazee wetu walitenganisha mzimu na mulozi. Katika makabila yetu mengi, balaa ilipoingia nyumbani, jamaa waliketi kuuliza: nani alikosewa? Nani hakuzikwa kama inavyopasa? Sisemi walikuwa malaika, kwani nao walishtaki watu ulozi, na mwavi uliua wengi. Lakini lile swali la nani alikosewa ni desturi nzuri, na hilo ndilo tumelitupa. Wanaojiita walinzi wa desturi wamebakiza kidole cha kushtaki tu.

Mwisho wa filamu unanitisha zaidi ya ule mkono unaotoka kisimani. Reiko anakumbatia mifupa ya Sadako, anafikiri yamekwisha, lakini hayakwisha. Anagundua kwamba yeye alipona kwa sababu alinakili kaseti na kumwonyesha mwingine. Basi anashika njia kwenda kwa baba yake mzazi, ili mzee aiangalie na mtoto apone. Kila mtu anajiokoa kwa kumpa jirani kifo. Ndugu msomaji, mashtaka ya ulozi yanatembea vilevile: ili mimi nisishtakiwe, ninamwonyesha mwingine, na wa mwisho ni yule asiye na mtu wa kumsemea.

Katiba yetu ya mwaka 2006, katika kifungu cha 41, inakataza kumshtaki mtoto ulozi, na sheria ya tarehe 10 Januari 2009 inamlinda mtoto. Tunazijua, lakini tunaziacha kabatini.

Sisemi mtoto mdogo aangalie Ringu usiku. Ninasema sisi wakubwa tuiangalie mpaka mwisho, tusome yale maandishi ya chini, tusikie yule mama anapomshtaki mwanawe. Kisha twende tugonge mlango wa kile chumba cha maombi, tena tukiwa wengi. Mimi nilikwenda peke yangu, na nilichelewa.