Lugha Rasmi Iliyo Nyuma

Kifungu cha 7 cha Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 kinatamka bayana kwamba Kiswahili ni lugha ya taifa, na kwamba Kiswahili na Kiingereza ni lugha rasmi. Msomaji makini ataona kuwa Kiswahili kimetangulizwa. Hebu na asogee hadi kifungu cha 259: nakala za lugha mbalimbali za Katiba iyo hiyo zikihitilafiana, ya Kiingereza ndiyo itakayofuatwa. Ama kweli, heshima ya mdomoni!

Katika taaluma ya isimu tunatofautisha hadhi ya lugha na matumizi yake. Hadhi hutolewa kwa kalamu. Matumizi hudai wafasiri, istilahi na fedha. Mnamo 1974 Rais Jomo Kenyatta aliamuru Kiswahili kitumiwe Bungeni. Wabunge wakawa wanajadili kwa Kiswahili miswada iliyoandikwa kwa Kiingereza, kila mmoja akijitafsiria papo hapo alivyoweza. Kosa halikuwa la Kiswahili. Hakuna aliyekuwa ameandaa sheria zenyewe kwa lugha hiyo.

Kanada huzipa nakala za Kiingereza na Kifaransa za Sheria yake ya Katiba ya mwaka 1982 uzito sawa. Sioni kinachotuzuia kukirekebisha kifungu cha 259 vivyo hivyo, mradi tafsiri ikaguliwe kwanza na wanasheria pamoja na wanaisimu, neno kwa neno. Vyuo vyetu hufundisha tafsiri kila mwaka. Wahitimu hao waajiriwe katika afisi zinazoandika sheria, na mswada wa kwanza wa lugha mbili usomwe.