Shaka tunamjua, Maqoma je?

Mwulize msomaji wa Kiswahili amtaje kiongozi mmoja wa kale wa Afrika Kusini, naye atasema Shaka kabla hujamaliza swali. Atakueleza habari za mkuki mfupi, jeshi lililopangwa kama pembe za ng'ombe, na mauaji yaliyofuata msiba wa Nandi, mama yake. Mwulize sasa habari za Hintsa, Sarhili au Maqoma, watawala na majemadari wa Waxhosa, na hapo kimya kitatanda. Ni jambo la ajabu ukilipima vizuri. Shaka alitawala miaka 12 hivi, akauawa na ndugu zake mwaka 1828 bila kupigana vita na serikali yoyote ya Wazungu. Waxhosa, kwa upande wao, walipambana na walowezi na majeshi ya koloni la Cape katika vita tisa, kuanzia 1779 hadi mwisho wa miaka ya 1870, karibu karne nzima ya kugombea ardhi bonde kwa bonde. Kama umaarufu ungetolewa kwa uzito wa kilichotendwa, Maqoma angejulikana kuliko alivyo. Nashikilia kwamba pengo hili limetokana na vitabu: nani aliandika, na alikuwa anatafuta nini. Habari za Shaka, kwa jinsi zilivyosimuliwa, ziliwafaa waliokuwa wakiitaka nchi. Habari za Waxhosa ziliwaumbua.

Tuanze na mashahidi. Walioandika juu ya Shaka baada ya kumwona kwa macho yao ni wafanyabiashara wachache wa Kiingereza waliotia nanga Port Natal kuanzia 1824, yaani katika miaka minne ya mwisho ya uhai wake. Wawili kati yao ndio waliolisha karibu kila kitabu kilichofuata. Nathaniel Isaacs alichapisha masimulizi ya safari zake mwaka 1836. Henry Francis Fynn alifariki 1861, na kinachoitwa shajara yake kikatoka 1950, karibu miaka 90 baadaye. Kusema kweli si shajara hata kidogo: maandishi ya awali yalipotea, Fynn akaandika upya kwa kukumbuka, kisha wahariri wakapanga na kuunganisha vipande. Lakini kinachonishughulisha zaidi ni barua ambayo Isaacs alimwandikia Fynn mwaka 1832. Alimhimiza naye atoe kitabu, akamshauri awaonyeshe Shaka na mrithi wake Dingane kuwa wamwagaji damu kadiri atakavyoweza, tena ajitahidi kukadiria idadi ya waliouawa, maana mambo kama hayo hunenepesha kitabu na kukifanya kivutie. Wote wawili walikuwa na maslahi Natal na walitamani Uingereza iichukue, jambo lililokuja kutimia 1843. Mwamba ngoma huvutia kwake, na hawa hata hawakujificha walipokuwa wakiivuta.

Hayo hayamfanyi Shaka kuwa mpole. Alijenga dola kwa nguvu na aliua watu. Hakuna mwanahistoria makini anayekana hilo. Tatizo ni kwamba picha ya dikteta mwenda wazimu ilipokwisha kuwekwa, kila aliyekuja aliongeza rangi. Thomas Mofolo, Msotho aliyesomeshwa na wamishonari, alikamilisha riwaya yake ya Chaka karibu mwaka 1910. Wamishonari wa Morija wakakaa na mswada mpaka 1925. Ni kazi kubwa ya sanaa, pengine riwaya bora kuliko zote zilizoandikwa kwa lugha ya Kiafrika katika enzi ile, ila ni riwaya, ina mganga wa kishetani na mapatano ya kuuza roho, na imeandikwa na mtu ambaye taifa lake lilikumbwa na misukosuko ya vita vya wakati huo. Mwaka 1955 E. A. Ritter akatoa kitabu chake kuhusu Shaka chenye mazungumzo ya faragha na mapenzi ambayo hakuna shahidi angeweza kuyasikia, kikasomwa dunia nzima kama historia. Mwaka 1986, nchi ikiwa chini ya hali ya hatari na vijana wakipigwa risasi mitaani, shirika la utangazaji la serikali ya kibaguzi lilirusha tamthilia ndefu ya Shaka, ambayo sehemu kubwa inasimuliwa kwa macho ya Fynn. Serikali iliyokuwa ikiwanyima Waafrika kura iligharamia hadithi hii kwa moyo mkunjufu. Funzo la shuleni lilikuwa limekwisha kuandaliwa kitambo: Shaka alifagia watu, ardhi ikabaki tupu, Makaburu wakaikuta haina mwenyewe.

Mwaka 1988 Julian Cobbing aliandika makala iliyoitikisa hadithi hiyo, akidai kwamba simulizi ya maangamizi ya Shaka ilitumika kuficha uvamizi na biashara ya watumwa ya Wazungu wenyewe. Wanahistoria wenzake walimsahihisha katika mengi, na walikuwa na haki, kwa sababu alielekea kufuta kabisa mchango wa falme za Kiafrika katika vita vile, kana kwamba Waafrika hawakuwa na siasa zao. Hata hivyo swali lake halikufutika. Dan Wylie, aliyechapisha utafiti mnene juu ya Shaka mwaka 2006, alionyesha jinsi yanavyobaki machache ukiondoa yale yasiyo na ushahidi.

Sasa tuvuke mto Kei. Mwaka 1835, katikati ya vita, Hintsa, mfalme mkuu wa Waxhosa, aliingia mwenyewe katika kambi ya Waingereza kuzungumza amani, akiwa ameahidiwa usalama. Hakuachiwa atoke. Alidaiwa ng'ombe 50,000 na farasi 1,000. Tarehe 12 Mei, akiwa njiani na kikosi cha Kanali Harry Smith kwa madai kwamba anakwenda kuwaonyesha ng'ombe hao, alimtimua farasi wake. Smith akamkimbiza na kumwangusha. Hintsa akakimbia kwa miguu huku amejeruhiwa, akajificha majini penye mawe, na hapo akapigwa risasi ya kichwa kutoka karibu. Masikio yake yalikatwa yawe kumbukumbu. Mwaka uliofuata iliundwa tume ya uchunguzi, na kama tume nyingi za aina hiyo, iliacha karatasi nyingi kuliko haki. Premesh Lalu ameandika kitabu kizima mwaka 2009 juu ya namna karatasi hizo zilivyotengenezwa. Smith baadaye akawa gavana wa Cape, na mji wa Ladysmith ukapewa jina kwa heshima ya mkewe. Gavana wa mwaka ule wa 1835, Benjamin D'Urban, ndiye aliyeachia jina lake Durban. Tukio hili halihitaji kutiwa chumvi ili lisisimue. Mbona basi halikupata tamthilia? Kwa sababu hapa hakuna mfalme mkatili wa kuogopwa, kuna mgeni tu aliyevunja ahadi. Hadithi ya namna hiyo haiuziki kwa mtu aliyejenga nyumba juu ya shamba la marehemu.

Maqoma alikuwa mwana wa chifu Ngqika. Mwaka 1829 alifukuzwa katika bonde la mto Kat, nchi nzuri ya malisho, na maisha yake yote yaliyobaki yalikuwa jitihada ya kurudi. Katika vita vya 1850 hadi 1853 alilikalia eneo la misitu na magenge la Waterkloof akaliumiza kichwa jeshi la dola kubwa kuliko zote duniani wakati huo. Alifungwa katika kisiwa cha Robben mara mbili, akafia huko mwaka 1873, miaka 91 kabla Mandela hajapelekwa huko kutumikia kifungo cha maisha. Timothy Stapleton alimwandikia wasifu mwaka 1994. Lakini tafuta kitabu cha Kiswahili kinachomhusu.

Habari moja tu ya Waxhosa imeenea, nayo imeenea kwa ubaya: ile ya msichana Nongqawuse, aliyesema mwaka 1856 kwamba wahenga wangefufuka endapo watu wangechinja mifugo na kuacha kulima. Huwa inasimuliwa kama kioja cha ujinga. Jeff Peires, katika kitabu chake cha 1989, aliirudisha mahali pake. Ugonjwa wa mapafu ya ng'ombe ulioletwa na ng'ombe kutoka Ulaya mwaka 1853 ulikuwa unamaliza mazizi. Mnyama anayekufa leo au kesho si vigumu kumchinja. Vita vya miaka mitatu vilikuwa vimekwisha kwa kushindwa. Mfalme Sarhili, mwana wa Hintsa, aliuamini utabiri. Kwa makadirio ya Peires, ng'ombe 400,000 hivi walichinjwa na watu 40,000 wakafa njaa, na gavana George Grey akaitumia njaa hiyo kuchukua ardhi na kuwasukuma walionusurika kwenda kufanya kazi za vibarua kwa walowezi. Wapo Waxhosa wanaoamini kwamba Grey ndiye aliyepanga utabiri wenyewe. Peires hakupata ushahidi wa hilo akasema hivyo waziwazi, na ndiyo sababu namwamini anapoeleza jinsi Grey alivyofaidi.

Kuna pingamizi la haki hapa. Shaka si mali ya Isaacs peke yake. Waafrika wenyewe walimtwaa: Senghor alimwandikia utenzi kwa Kifaransa, na Mazisi Kunene akatunga kwa Kizulu tendi kubwa iliyotoka kwa Kiingereza mwaka 1979, ikimwonyesha kuwa mjenzi wa taifa. Bila dola aliyoianzisha pengine kusingekuwa na ushindi wa Isandlwana wa Januari 1879, Waingereza walipopoteza zaidi ya watu 1,300 kwa siku moja. Nakubali yote hayo. Ila angalia: hata sifa hizo zimejengwa kwa kugeuza upande uleule wa picha ya Fynn na Isaacs. Walimwita jitu la kutisha, nasi tukajibu kuwa ni jitu la kujivunia. Mtu bado haonekani, na waliomzunguka hawaonekani kabisa. Cetshwayo, mfalme wa Wazulu aliyepigana vita vya 1879, akashindwa, akaenda London mwaka 1882 kudai kiti chake akiwa amevaa suti, anasomesha mengi zaidi juu ya namna utawala wa Kiafrika ulivyovunjwa, na Jeff Guy aliyaeleza hayo vizuri tangu 1979.

Pingamizi la pili ni gumu zaidi. Kama Wazungu waliandika kwa maslahi, je, Waafrika walioandika hawakuwa nayo? Walter Rubusana, aliyekusanya tungo za sifa na historia za Waxhosa katika kitabu cha mwaka 1906, alikuwa mchungaji. Magema Fuze, aliyetoa kitabu cha kwanza cha Mzulu kwa Kizulu mwaka 1922, alifunzwa uchapaji katika misheni ya Askofu Colenso. Masimulizi ya Wazulu tuliyo nayo kwa wingi yaliandikwa na James Stuart, ofisa wa kikoloni. Na mwaka 1978 watawala wa Ciskei, kijinchi bandia cha ubaguzi, walitangaza kuipata mifupa ya Maqoma wakaizika upya kwa shangwe ili wajipatie heshima. Ni kweli, kila mmoja ana lake. Tofauti iko katika wingi wa sauti. Stuart alihoji watu wapatao 200, akaandika majina yao, na hawakubaliani. Mmoja wao, Jantshi kaNongila, alisimulia mwaka 1903 yale aliyoyapata kwa baba yake, aliyekuwa mpelelezi wa Shaka. Wapo wanaosema Shaka alimwua Nandi kwa mkono wake, na wapo wanaokataa. Mahali watu wanapobishana kwa majina, msomaji ana pa kusimama apime. Kwa Isaacs kuna sauti moja tu inayomsukuma akubali.

Wapo pia watakaouliza haya yatuhusu nini huku kwetu. Yanatuhusu kwa damu, kwanza. Zwangendaba alikuwa upande wa Wandwandwe walioshindwa na Shaka. Akahama na watu wake, akavuka Zambezi mwaka 1835, akafia Ufipa katika miaka ya 1840, na wajukuu wa msafara ule ndio Wangoni wa Songea. Yaani Shaka tunayemsifu ndiye aliyewatimua baadhi ya babu zetu. Lakini undugu wa karibu zaidi tunao na Waxhosa. Mwaka 1819 nabii Makhanda, aliyeitwa pia Nxele, aliwaongoza wapiganaji kushambulia Grahamstown kwa ahadi kwamba risasi zingegeuka maji. Nabii mwingine, Mlanjeni, akarudia ahadi kama hiyo mwaka 1850. Msomaji aliyekua na habari za Kinjikitile na vita vya Majimaji vya 1905 hahitaji kufafanuliwa zaidi. Nasi tunajua kilichoiokoa Majimaji isibaki katika taarifa za Wajerumani: mwishoni mwa miaka ya 1960 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walitawanywa vijijini kuwahoji wazee waliokuwa bado hai.

Kwa hiyo mchapishaji wa Dar es Salaam au Nairobi anayefikiria kitabu kingine cha Shaka kwa ajili ya shule namshauri akiweke kando kwanza. Kitabu cha Peires kingehitaji fedha na mfasiri mvumilivu. Cha Rubusana kingehitaji mtu anayekijua Kixhosa sawasawa, na watu hao si wengi huku kwetu. Lakini William Gqoba, mhariri wa gazeti la Isigidimi samaXosa, aliandika mwaka 1888, mwaka aliofariki, masimulizi ya uchinjaji wa ng'ombe kama Waxhosa wenyewe walivyoyakumbuka. Ni mafupi, na yalitoka gazetini kwa sehemu. Gazeti lolote la Kiswahili lingeweza kuyachapa katika matoleo mawili ya Jumapili.