Picha za Faragha: Simu Nayo Ina Mlango

 

Dada mmoja ameniuliza suala ambalo si lake peke yake. Alipiga picha kwenye harusi, ukumbi wa wanawake, mitandio imevuliwa na watu wamejipamba. Hakumtumia mtu hata moja. Siku ya pili picha zote zikaonekana kwenye simu ya shemeji yake. Je, ana dhambi? Na shemeji afanye nini?

Sababu ilikuwa nyepesi. Simu ile alinunuliwa na shemeji, naye ndiye aliyeifungua kwa barua pepe yake mwenyewe. Simu nyingi zikishawekwa hivyo hupeleka nakala ya kila picha kwenye hifadhi ya intaneti, na nakala ile huonekana kwenye kila kifaa kinachotumia akaunti hiyo. Wangapi kati yetu tumefunguliwa akaunti na kijana wa dukani au mtoto wa ndugu? Nyumba yako, ufunguo anao mwengine.

Hata mwenye kujihadhari asijiamini mno. Novemba 2019, kwa hitilafu ya mitambo, baadhi ya video za watumiaji wa Google Photos ziliingia kwenye nakala walizopakua watu wasiowajua. Kampuni yenyewe ilikiri.

Bukhari na Muslim wamepokea kisa cha mtu aliyechungulia kwenye tundu ya nyumba ya Mtume (Swalla Allaahu 'alayhi wa sallam), naye akabainisha kuwa kuomba idhini kumewekwa kwa sababu ya macho. Basi anayefungua picha asizoruhusiwa ni kama aliyechungulia mlangoni, japo kaukuta wazi.

Jawabu: dada hana dhambi kwa asilolikusudia, Suratul-Ahzaab aya ya 5 imetuondoshea lawama ya kukosea. Lakini picha zile si zake pekee. Waliomo ni wanawake wa watu, na sura zao ni amana. Awaambie, awaombe radhi, na siku nyengine aombe idhini kabla ya kupiga. Shemeji ainamishe macho, afute kwenye simu na kwenye hifadhi, wala asimuoneshe yeyote, hata mkewe kwa mzaha. Akiisambaza hata moja, hapo hakuna tena kukosea, ni kufedhehi.

Leo kabla ya kulala, angalia simu yako inatumia barua pepe ya nani. Kama si yako, fungua yako na uiondoe ile. Zima kupeleka nakala kama huihitaji. Kwenye WhatsApp, zuia picha zisijihifadhi zenyewe. Na ukimuuzia mtu simu, toa akaunti kwanza, kisha ufute kila kitu.

Wa Allaahu A'lam.